Nani Kasema? Historia ya Kutaja Vyanzo katika Uandishi wa Ensaiklopidia

Utangulizi

Mwandishi anayeandika makala ya ensaiklopidia kwa mara ya kwanza huingiwa na hofu mbili. Ya kwanza ni kwamba hajui ya kutosha. Ya pili ni kwamba yale anayoyajua hayatasadikiwa. Hofu ya kwanza humpeleka maktabani. Ya pili humpeleka kwenye orodha ya vyanzo, aghalabu saa ya mwisho, wakati makala yamekwisha kuandikwa na kilichobaki ni kuyavisha nguo ya kitaaluma. Matokeo yake ni makala yenye majina mengi ya vitabu mwishoni na madai mengi yasiyo na mwenyewe katikati.

Makala haya yanachunguza jinsi desturi ya kutaja vyanzo ilivyokua katika uandishi wa ensaiklopidia, kuanzia Roma ya karne ya 1 hadi ensaiklopidia za mtandaoni za karne ya 21, kisha yanaipima desturi hiyo kwa mifano miwili ya Uswahilini: tarihi ya Kilwa na mashairi ya Muyaka bin Haji. Hoja inayotetewa ni kwamba kila kanuni anayopewa mwandishi mpya leo, hata ile inayoonekana kuwa ya kiofisi tu, ilizaliwa na kosa fulani lililowahi kufanywa na watu wazima wa taaluma. Anayeijua historia ya kosa huielewa kanuni. Asiyeijua huitii siku mwalimu anapotazama na kuiacha siku ya pili.

Deni la Pliny

Mnamo mwaka 77, Mrumi Pliny Mkubwa alimtunukia Titus, mwana wa Kaisari Vespasian, kazi yake kubwa ya Naturalis Historia, yenye vitabu 37. Katika dibaji anaeleza kuwa amekusanya mambo 20,000 kutoka kwa waandishi 100 teule, baada ya kusoma juzuu zipatazo 2,000. Kitabu cha kwanza chote amekitenga kwa yaliyomo: kwa kila kitabu kinachofuata ameorodhesha mada na waandishi aliowategemea, Warumi mbali na wageni mbali. Sababu anayoitoa ni ya kimaadili. Kumtaja aliyekufaa, kwa maoni yake, ni uungwana. Na anasikitika kwamba alipolinganisha vitabu aliwakuta waandishi wenye sifa wakiwanakili waliowatangulia neno kwa neno bila ya kuwataja.

Hapa pana mwanzo wa wazo kwamba mkusanyaji wa maarifa ana deni. Hata hivyo, Pliny alilipa deni hilo kwa jumla. Msomaji anayetaka kujua habari fulani ya ndovu ilitoka kwa nani hukuta orodha ya majina ya kitabu kizima, lakini hapati uzi unaoifunga habari moja na mtu mmoja. Orodha inaonyesha kwamba mwandishi amesoma, ilhali haimwezeshi msomaji kuhakikisha. Tofauti hii kati ya heshima na uhakiki ndiyo inayompita mwandishi mpya anayeorodhesha vitabu 15 mwishoni mwa makala na kudhani kuwa amemaliza kazi.

Isnadi na Kamusi za Waislamu

Uzi uliokosekana kwa Pliny ulisokotwa na wanazuoni wa hadithi. Kufikia karne ya 9, zama za Bukhari (aliyefariki mwaka 870) na Muslim (aliyefariki mwaka 875), hadithi moja haikupokewa bila ya isnadi yake, yaani msururu wa wapokezi: fulani kapokea kwa fulani, naye kwa fulani, hadi kwenye asili. Wanazuoni hawakutosheka na kuwepo kwa majina. Waliuliza iwapo wapokezi wawili waliofuatana waliishi zama moja, iwapo waliwahi kukutana, iwapo kila mmoja alisifika kwa hifadhi na uaminifu. Mnyororo haukuwa na nguvu kuliko pete yake dhaifu.

Jambo jingine walilolitambua, na ambalo lina umuhimu mkubwa kwa makala haya, ni kwamba wingi wa njia si lazima uwe wingi wa ushahidi. Watu kumi wakisimulia habari moja, na wote kumi waliisikia kwa mtu mmoja, habari hiyo katika kiungo hicho ina shahidi mmoja.

Athari ya mazoea haya ya kutaja wapokezi yaonekana pia nje ya elimu ya dini. Yaqut al-Hamawi, aliyefariki mwaka 1229, alitunga Mu'jam al-Buldan, kamusi kubwa ya mahali iliyopangwa kwa alfabeti, ambamo mara nyingi huwataja waandishi anaowategemea. Humo mna habari za Mogadishu na za kisiwa anachokiita Lanjuya, ambacho wataalamu wamekitambua kuwa ni Unguja. Nazo zinataja kuwa watu wake walihamia Tumbatu. Yaqut hakuitembelea pwani ya Afrika Mashariki. Kwa hivyo sentensi yake kuhusu Tumbatu ni ya kupokea, na mtafiti anayeitumia hana budi kuiandika hivyo: Yaqut anasimulia kuwa watu walihama. Anayeandika tu kwamba watu wa Unguja walihamia Tumbatu ameugeuza usimulizi kuwa tukio, na tofauti ya maneno mawili imezaa tofauti ya karne nzima ya mjadala.

Bayle, Chambers na Swali la Haki ya Kunakili

Katika Ulaya ya karne ya 17, kamusi za kihistoria zilikuwa zimeshika soko, mashuhuri miongoni mwazo ikiwa ile ya Louis Moréri iliyotoka mwaka 1674. Pierre Bayle, Mfaransa aliyekimbilia Rotterdam, aliona kuwa kamusi hizo zilirithishana makosa. Nia yake ya awali, aliyoitangaza mwaka 1692, ilikuwa kuandika kamusi ya makosa ya kamusi nyingine. Kazi iliyochapishwa mwaka 1697, Dictionnaire historique et critique, ilibadili umbo lakini ikabaki na nia hiyo. Juu ya ukurasa pana maelezo mafupi ya mtu anayehusika. Chini yake pamejaa tanbihi ndefu zinazojadili ushahidi. Pambizoni pana majina ya vitabu na sehemu zilizonukuliwa. Katika kurasa nyingi maelezo ya juu ni mistari michache tu, na mjadala wa chini umemeza ukurasa uliobaki.

Kwa Bayle, kutaja chanzo kulikuwa silaha ya mhakiki. Msomaji alipewa dai, akapewa asiliye, akapewa pia sababu ya kulitilia shaka. Zaidi ya hayo, kila chanzo kilikaa karibu na dai lake. Kile ambacho Pliny alikiweka katika kitabu cha kwanza, Bayle alikiweka ubavuni mwa sentensi.

Miaka 31 baadaye, mwaka 1728, Ephraim Chambers alichapisha jijini London Cyclopaedia yake ya juzuu mbili. Katika makala yake kuhusu wizi wa maandishi, Chambers alishikilia msimamo unaomshangaza msomaji wa leo: kwamba watunzi wa kamusi za sanaa na sayansi wameepukana na sheria ya kawaida ya changu na chako, kwa kuwa kazi yao ni kukusanya yaliyo ya wengine kwa manufaa ya umma, na wala hawajidai kuwa ni yao. Hoja hii haikosi mantiki. Ensaiklopidia haiahidi jambo jipya. Lakini Chambers alitetea haki ya mkusanyaji akaisahau haki ya msomaji. Hata kama aliyenakiliwa hajadhulumiwa, anayesoma amenyimwa njia ya kurudi kwenye asili.

Encyclopédie ya Diderot na d'Alembert, iliyoanza mwaka 1745 kama mradi wa kuitafsiri kazi hiyo ya Chambers na kuanza kutoka mwaka 1751, ilileta jibu la sehemu. Waandishi wengi walitambulishwa kwa herufi mwishoni mwa makala zao, hivyo msomaji akajua nani anawajibika. Hata hivyo, jina la mwandishi haliwi badala ya jina la chanzo. Louis de Jaucourt, aliyeandika takriban makala 17,000 katika kazi hiyo, alikuwa mkusanyaji hodari kutoka vitabu vya wengine, na wahakiki wa baadaye wamekuwa na kazi kubwa ya kubainisha kipi ni chake na kipi ni cha aliowasoma.

Tarihi Mbili za Kilwa

Mafunzo haya yanapoletwa pwani ya Afrika Mashariki, hayabaki kuwa ya nadharia. Mfano wa kwanza ni tarihi ya Kilwa. João de Barros alichapisha mwaka 1552, katika Década ya kwanza ya historia yake ya Wareno huko Asia, muhtasari wa habari za wafalme wa Kilwa, uliotokana na tarihi iliyowafikia Wareno. Upo pia mswada wa Kiarabu ulionakiliwa Unguja mwaka 1877 na kumfikia John Kirk, mwakilishi wa Uingereza, S. Arthur Strong aliuchapisha mwaka 1895. Matoleo haya mawili yanafanana katika kiini cha masimulizi, yaani kuja kwa jamaa ya kifalme kutoka Shiraz, lakini hayakubaliani katika majina na katika mfuatano wa watawala.

Kwa muda mrefu vitabu vilihesabu miaka ya kutawala iliyotajwa katika tarihi hizo na kuuweka mwanzo wa nasaba ya Kishirazi katika karne ya 10. Neville Chittick, aliyeongoza uchimbaji wa Kilwa, alitoa hoja mwaka 1965, akitegemea sarafu na tabaka za udongo, kwamba nasaba hiyo ianzie mwishoni mwa karne ya 12. Baada yake, akiolojia ya Shanga iliyochapishwa na Mark Horton mwaka 1996 ilitilia mkazo mizizi ya wenyeji katika miji ya pwani, na hivyo kulifanya neno lenyewe 'Shirazi' lidai tafsiri.

Sasa na atazamwe mwandishi mpya anayeandika kwamba Kilwa iliasisiwa na Ali bin Hasan kutoka Shiraz katika karne ya 10. Sentensi ni fupi na haina kosa la sarufi. Ndani yake, hata hivyo, mna mambo matatu ya asili tofauti: jina la mwanzilishi, ambalo linategemea toleo lililosomwa, mwaka, ambao ni hesabu ya wasomi wa baadaye, na kauli ya kuasisiwa, ambayo akiolojia haiikubali kwa urahisi, kwa kuwa makazi yalikuwepo kabla ya nasaba. Akiongeza mwishoni chanzo kimoja kinachoitwa 'Tarihi ya Kilwa', hajasema ni tarihi ipi, wala hajasema kwamba mwaka haumo katika namna alivyouandika. Kutaja vyanzo ipasavyo hapa kungemlazimu aivunje sentensi yake vipande vitatu, na kila kipande akipe mwenyewe. Ndipo angegundua, pengine kwa mara ya kwanza, kwamba hakulijua jambo aliloliandika. Hii ndiyo faida ya utajaji wa vyanzo isiyozungumzwa sana: humhakiki mwandishi kabla ya kumhakikishia msomaji.

Muyaka na Pete Iliyodondoka

Mfano wa pili unahusu fasihi. Muyaka bin Haji, mshairi wa Mvita aliyefariki karibu na mwaka 1840, hakuacha diwani iliyochapishwa. Mashairi yake yaliishi vinywani mwa watu wa Mombasa. Katika robo ya mwisho ya karne ya 19, Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi aliyakusanya na kuyafafanua kwa ajili ya mmishonari W. E. Taylor, ambaye hati zake hatimaye zilihifadhiwa London. William Hichens alihariri Diwani ya Muyaka iliyochapishwa Johannesburg mwaka 1940. Mwaka 1979 Mohamed H. Abdulaziz alichapisha Nairobi uchunguzi wake wa ushairi huo, ukiwa na matini, tafsiri na maelezo ya historia.

Huu ni msururu wa wapokezi: Muyaka, watu wa Mvita, Sikujua, Taylor, Hichens, Abdulaziz, msomaji. Makala mafupi ya ensaiklopidia yanayotaja 'Hichens 1940' peke yake hayajadanganya. Lakini yameidondosha pete ambayo bila yake pete zilizobaki zisingekutana. Mwingereza aliyehariri kwa mbali amebaki. Mwalimu wa Mombasa aliyeyajua maneno, aliyejua ni tukio lipi lililozaa shairi lipi, ametoweka. Hali kadhalika yawapata wanakili wengine. Muhammad Kijumwa wa Lamu, ambaye toleo lake la utendi wa Liyongo la mwaka 1913 ndilo msingi wa machapisho mengi, aliwanakilia wataalamu wa Ulaya idadi kubwa ya miswada. Na bado yako maandishi yanayowataja waliopokea miswada kuliko aliyeiandika.

Kwa upande wa Liyongo mwenyewe, hatari ni ya namna nyingine. Wako wataalamu waliomweka katika karne ya 12 na wako waliomleta hadi karne ya 16 au ya 17. Mwandishi anayechagua karne moja na kuitaja bila ya mwenyewe huufunga mjadala ambao haujafungwa. Uaminifu hapa ni kusema nani anamweka wapi na kwa ushahidi gani, hata kama makala yatapoteza ule utulivu wa sauti unaotarajiwa katika ensaiklopidia.

Ipo kanuni ndogo inayotokana na mfano wa Muyaka ambayo mwandishi mpya huikiuka mara nyingi: ataje kile alichokisoma kwa macho yake. Aliyelipata shairi ndani ya Abdulaziz naye akaandika 'Hichens' kwa sababu Abdulaziz amemtaja Hichens, amejidai kufungua kitabu ambacho hakukifungua. Iwapo pana kosa la kunakili kati ya vitabu hivyo viwili, amelibeba na kulibandika jina lisilo lake. Kuandika kwamba Hichens amenukuliwa na Abdulaziz si aibu. Ni ramani ya njia aliyopita.

Duara la Wilhelm

Ensaiklopidia za mtandaoni zimewafungulia mlango wa uandishi watu ambao zamani wasingealikwa. Wikipedia ilianzishwa Januari 2001 kwa Kiingereza, na toleo la Kiswahili likafuata mwaka 2003. Kwa kuwa mwandishi hatambuliki kwa shahada wala kwa cheo, uzito wote wa kuaminika umehamishiwa kwenye chanzo. Dai lenye utata lisilo na chanzo kilichochapishwa laweza kuwekewa alama au kuondolewa. Mwandishi mpya huona huo ni ukali. Ukweli ni kwamba ni sawa na kanuni ya isnadi: asiyejulikana hukubaliwa kwa wapokezi wake.

Hata mfumo huo una ufa, na tukio la Ujerumani la Februari 2009 latosha kuuonyesha. Karl-Theodor zu Guttenberg alipoteuliwa kuwa waziri wa uchumi, mtu fulani aliongeza 'Wilhelm' katika orodha ndefu ya majina yake kwenye Wikipedia ya Kijerumani. Magazeti yalilinakili jina hilo bila ya kuhakikisha. Lilipotiliwa shaka, gazeti lililolichapisha likatajwa kama chanzo cha kulithibitisha. Ensaiklopidia ilikuwa imejitolea ushahidi yenyewe kwa kupitia kinywa cha mwingine. Chanzo kilitajwa, tena kwa utaratibu. Kilichokosekana ni lile swali la wanazuoni wa karne ya 9: huyu naye kapokea kwa nani?

Kwa mwandishi wa Kiswahili hatari hii iko karibu zaidi, kwa kuwa njia fupi ya kuandika ni kutafsiri makala ya Kiingereza pamoja na vyanzo vyake. Anayefanya hivyo huorodhesha vitabu ambavyo hajavisoma, na huenda havipo katika maktaba yoyote anayoifikia. Kosa lililomo katika asili huvuka mpaka wa lugha likiwa na pasipoti halali.

Chanzo Kisichochapishwa

Limebaki swali zito. Kanuni ya chanzo kilichochapishwa huwapendelea waliochapishwa. Maarifa mengi ya Waswahili, ya ushairi, ya tiba, ya ujenzi wa majahazi, yamo vifuani mwa wazee na katika miswada iliyotawanyika kati ya nyumba za pwani na maktaba za London na Hamburg. Mwaka 2011, mradi wa utafiti uliofadhiliwa na Wikimedia Foundation na kuongozwa na Achal Prabhala uliijaribu njia ya kunukuu mahojiano yaliyorekodiwa, nchini India na Afrika Kusini. Mradi huo haukuibadili kanuni kuu, lakini uliliweka swali mezani.

Historia iliyotangulia yaonyesha upande wa kuelekea. Isnadi ilikuwa elimu ya kupima neno la mdomo, karne nyingi kabla ya kiwanda cha uchapaji. Jamii iliyolelewa katika elimu hiyo haina sababu ya kudhani kuwa neno la mdomo halipimiki. Linahitaji jina la msemaji, akiridhia kutajwa, mahali, tarehe, jina la aliyerekodi, na mahali rekodi ilipohifadhiwa ili mwingine aisikilize. Kazi hiyo si ya ensaiklopidia. Ni ya vyuo vikuu na majarida yao: kuyakusanya, kuyahariri na kuyachapisha maneno hayo ili mwandishi wa ensaiklopidia apate cha kutaja. Idara inayolalamika kuwa wanafunzi wake wanawanukuu wageni tu haina budi kujiuliza imewachapishia nini cha wenyeji.

Hitimisho

Pliny alifundisha kwamba kunyamaza ni utovu wa uungwana. Wanazuoni wa hadithi, kwamba jina lisilopimwa halitoshi. Bayle, kwamba chanzo kikae karibu na dai. Na kisa cha Wilhelm, kwamba vyanzo vinaweza kuzunguka duara na kurudi vilikoanzia. Tarihi za Kilwa zinamtaka mwandishi agawe sentensi yake kabla ya kuigawia vyanzo, na diwani ya Muyaka inamtaka asimwache nyuma aliyeshika mkono wa mshairi.

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mwandishi mpya, kwa kuwa bado hajazoea, ndiye anayeweza kuuliza lile ambalo wazoefu wamekwisha kuacha kuliuliza: nani kasema, naye alijuaje? Akiliuliza swali hilo mbele ya kila sentensi, hata makala yake mafupi kuhusu mshairi mmoja wa Mvita yatakuwa yamemrudishia Mwalimu Sikujua nafasi yake katika msururu.